Bonde Linanywea Mezani

Kwanza palikuwa na bonde. Meza ilikuja baadaye, na walioileta walisema imekuja kulitumikia bonde, kama mgeni anayesema amepita kusalimia tu, kesho yake unamkuta amekalia kigoda cha mwenye nyumba na anauliza kwa nini chakula kimechelewa.

Nakijwa alikuwa mfinyanzi. Alikuwa mama wa makamo, mwenye viganja vipana na goti moja bovu, na siku walipomjia alikuwa mbele ya kibanda chake akikwangua tumbo la mtungi kwa kipande cha kibuyu. Askari wawili wakamsimamia kwenye mwanga.

"Shikamoo, mama. Wewe ndiye unayefinyanga?"

"Marahaba. Kwani hiki nilichoshika unaona ni muhogo?"

"Jemadari anakuhitaji."

"Anataka mtungi?"

"Anataka bonde," askari akasema, wala hakucheka.

Wakampandisha hadi ukingoni juu, kwenye hema kubwa lililofungwa pande zote. Kutoka pale ukingoni mtu angeweza kuliona bonde lote kama linavyoonekana shuka lililoanikwa: mto katikati, ng'ambo ya huku na ng'ambo ya kule, moshi wa huku na moshi wa kule. Lakini hema lilifungwa. Jemadari hakupenda mwanga wa nje. Alisema macho huona kilicho mbele yake tu, na kiongozi anatakiwa kuona vyote kwa pamoja. Kwa hiyo alitengenezewa meza ya ubao, pana kama kitanda cha watu wawili, yenye kingo nne, na akamwamuru Nakijwa aifinyange nchi humo ndani, mlima kwa mlima, kijito kwa kijito.

Nakijwa alilijua bonde kwa nyayo. Miaka yote alikuwa ameuza vyungu vyake kwa miguu, mzigo kichwani, na goti lake lilikumbuka kila mwinuko. Akakanda udongo siku tatu. Kabla hajauweka ubaoni alinyunyiza jivu, kama alivyofundishwa na mama yake, ili udongo usigande kwenye mbao na kupasuka. Kisha akaomba. Hakuwahi kuanza kazi bila kuomba, maana aliamini kuwa kila anayefinyanga ameazima mikono. Akasema: Baba, wewe uliyetufinyanga bila meza, nisaidie nisidanganye.

Akafinyanga. Mto ukapita. Mlango wa Upepo, ile njia nyembamba kati ya milima miwili, ukafunguka upande jua linakotoka. Kivuko cha Mawe Matatu kikakaa katikati, mahali pekee ambapo mtu huvuka akiwa amevaa viatu. Siku ya saba bonde lilijaa ubao mzima, ukingo hadi ukingo, na Jemadari akalizunguka akiwa ameshika kidevu.

"Sasa," akasema, "nimefika kwetu."

Maana na yeye alizaliwa huko bondeni. Wote walizaliwa huko. Vita ile haikuwa na mgeni ndani yake. Wa ng'ambo ya kule walikuwa wajomba wa hawa wa huku, nguo zao zilitiwa rangi kwenye mapipa ya aina moja, na askari aliyetekwa asubuhi aliweza kula chakula cha mchana na waliomteka bila kuuliza chumvi ikoje. Ilikuwa vita ya mwaka gani? Usiulize. Mwaka ulikuwa ule ule. Ulifika mwisho wake, ukatazama huku na huku, ukakosa mahali pa kwenda, ukarudi mwanzo. Watu waliingia vitani wakiwa vijana, wakazeeka, na mwaka ukawa bado haujageuka.

Aliyekwenda kinyume ni Jemadari peke yake. Nakijwa alipomwona mara ya kwanza alikuwa mzee wa mvi. Baada ya ushindi wa kwanza ndevu zake zilikuwa nyeusi. Baada ya wa pili mikunjo ya shingo ilinyooka. Baada ya wa tatu alianza kukosa subira kama kijana aliyeoa juzi. Nakijwa alijiuliza ile miaka anayoivua anaiweka wapi, mpaka alipotoka nje siku moja akawaona askari wa miaka ishirini wakishuka mteremko wameshika viuno, nywele nyeupe. Ndipo akajua imewekwa wapi.

"Vita ni miguu," Jemadari alikuwa akisema, na kusema kweli alikuwa hodari. Adui alikuwa na watu wengi kuliko yeye. Kwa hiyo aligawa jeshi lake mafungu matatu, akayapitisha njia tatu mbalimbali, ili adui asijue lipi ni kubwa, kisha yote matatu yakutane Kivuko cha Mawe Matatu saa ile ile, yapige pamoja, yaondoke kabla adui hajakusanyika. Mpango mzuri. Hata wa ng'ambo waliusifu. Muda wa kila fungu aliupima mezani kwa kamba ya katani yenye mafundo. Fundo moja lilikuwa saa moja ya mwendo. Alilaza kamba juu ya udongo, akahesabu, akatoa amri: wewe mafundo matano, wewe saba, wewe kumi.

Basi ikawa kila mara mafungu mawili yanafika karibu na saa yake, la tatu linakosa. Na linalokosa ni lile lililopewa njia ndefu, ya Mlango wa Upepo. Lilifika baada ya saa nzima, likawakuta wenzake wamelala chini na mto umebadilika rangi. Jemadari alishinda hivyo hivyo, kwa kuongeza watu mahali palipokosa saa. Halafu aliyeongoza njia ndefu alihukumiwa kwa uvivu, akapelekwa kivukoni, mahali pale pale alipochelewa kufika, akapigwa risasi.

Waliouawa hivyo walikuwa wameshafika kumi na mmoja.

Jeshi lile lilikuwa na desturi yake. Jina likiitwa kwenye gwaride na mwenyewe hayupo, wenzake humjibia: "Yuko njiani!" Mtu asiadhibiwe kwa kwenda haja au kwa kulala kidogo. Wale kumi na mmoja walipokufa, majina yao hayakufutwa, maana hakuna aliyetaka kuwa mkono unaofuta. Kila asubuhi yaliitwa. Kila asubuhi askari waliyajibia.

Yuko njiani.

Nakijwa aliyasikia hayo akiwa hemani, anafuta vumbi juu ya milima kwa unyoya wa kuku, na moyo wake uliuma, lakini uliuma kama wa mtu anayesikia kilio cha nyumba ya mbali. Hayo ni ya wanaume na bunduki zao, alisema. Mimi ni wa udongo.

Siku moja Kanali Mkiramweni, msaidizi wa Jemadari, mtu mwenye sauti tamu na viatu visivyowahi kuona tope, aliinamia meza akapiga yowe la furaha.

"Afande! Njoo uone! Bonde limejitenga na ukingo!"

Kweli. Pande zote nne, kati ya udongo na ukingo wa ubao, palikuwa na ufa wa jivu jeupe.

"Adui anabanwa," Kanali akasema. "Nchi inakukunjikia mkononi, Afande. Hata udongo umejua."

Jemadari akatabasamu. Maofisa wakapiga makofi. Nakijwa naye, aliyekuwa pembeni na unyoya wake, akacheka, maana alidhani wanataniana. Alidhani ni mzaha wa wakubwa. Nani asiyejua kwamba udongo hunywea? Ukifinyanga chungu kibichi cha vidole kumi na kimoja, kikikauka kitakuwa cha vidole kumi. Mtoto wa mfinyanzi hulijua hilo kabla hajaota meno ya pili. Hakuna anayelisema, kama ambavyo hakuna anayemwambia mpishi kwamba moto ni wa moto.

Hilo ndilo lilikuwa kosa lake. Aliona wakubwa wanajua, kwa sababu ni wakubwa. Wakubwa nao waliona hakuna la kujua, kwa sababu ni udongo.

Alikuja kulitambua siku walipomwingiza Mgonja.

Meja Mgonja alikuwa mtoto wa Namcheja, rafiki yake Nakijwa waliyekuwa wakichimba udongo shimo moja. Namcheja alifariki zamani. Nakijwa ndiye aliyempokea yule mtoto siku ya kuzaliwa, kwa mikono hii hii, akiwa bado na udongo kwenye kucha. Sasa mtoto alikuwa mtu mzima mwenye ndevu, mikono imefungwa nyuma, kisigino kimoja cha buti kimelika chote.

"Mafundo mangapi kutoka Mlango wa Upepo?" Jemadari akauliza.

"Kumi, Afande."

"Ulitumia saa ngapi?"

"Kumi na moja."

"Ulilala?"

"Sikulala, Afande. Hatukula. Wawili walikufa kwa kukimbia tu, bila risasi."

"Ulipotea?"

"Ile njia nimeipita tangu niko mgongoni kwa mama."

"Basi saa moja ilikwenda wapi?" Jemadari akapiga meza, na vilima vikatetemeka. "Nieleze! Mtu haibiwi saa kama kuku!"

Akalaza kamba juu ya udongo mbele ya wote. Kutoka Mlango wa Upepo hadi kivukoni. Fundo, fundo, fundo. Kumi kamili.

Nakijwa alikuwa ameinama akiokota unyoya ulioanguka. Macho yake yakawa sawa na ukingo wa meza. Akaona lile pengo la jivu. Bila kufikiri akaingiza kidole gumba chake mle. Kikaingia chote.

Kisha ulimwengu ukasimama, na ndani yake palikuwa na sauti yake peke yake.

Mimi.

Ni mimi. Kumi na mmoja ni mimi. Nimefuta vumbi juu ya kaburi kila siku kwa unyoya wa kuku. Bonde linakauka mezani, Baba, na nyayo za watu hazikauki. Njia ya huku ndani ni kumi, ya huko nje ni kumi na moja. Hiyo saa moja haikuibwa. Iko hapa, kwenye jivu, pana kama kidole gumba changu, na watu wamelazwa ndani yake.

Mimi? Mimi peke yangu? Hapana. Nisijichukulie hata dhambi za wenye viatu. Nani alifunga hema? Nani alikataa kutoka nje hatua kumi akatazama? Kumi na mmoja walirudi wakasema njia ni ndefu, wakaambiwa wavivu. Watu kumi na mmoja wenye miguu walisema neno moja, na kipande cha udongo kikaaminiwa. Baba, umeona? Kama umeona, mbona umenyamaza? Na kama umenyamaza ili niseme mimi, mbona umenipa goti linalotetemeka?

Nchi hunywea, akawaza. Hunywea machoni pa aliye juu kila siku asiyoikanyaga. Hujitenga na ukingo kidogo kidogo, bila kupasuka, bila kelele, na yeye anaona ni ushindi. Mwisho inabaki nchi ya kutosha kiganjani, na watu wa kweli wanatakiwa waishi humo, watembee umbali wa humo, wale chakula cha humo, na wakishindwa wanaitwa wazembe.

Akasimama. Goti likalia.

"Baba Jemadari," akasema, "huyo hakuchelewa. Udongo umenywea."

Hema lote likamgeukia. Kanali Mkiramweni akamtazama kama mtu anayetazama stuli iliyoongea.

"Mama, rudi kwenye unyoya wako."

"Nimefuta vya kutosha. Tazameni ukingo. Nilipofinyanga bonde lilijaa ubao. Sasa kidole kinaingia. Udongo ukikauka hunywea, kidole kimoja katika kumi na kimoja. Saa moja katika kumi na moja. Hiyo ndiyo saa mnayomdai huyu. Na ndiyo mliyowadai wale wote."

"Kwa hiyo mfinyanzi amekuwa jemadari!" Kanali akacheka. "Kesho muuza mboga atatufundisha mizinga."

"Muuza mboga angalau ametembea," Nakijwa akasema. "Wewe viatu vyako vina umri gani, mwanangu? Vinang'aa kama vya maiti."

Askari mmoja mlangoni akakohoa kuficha kicheko. Mgonja akainua kichwa. "Mama mdogo," akanong'ona, "nyamaza. Watakuua na wewe."

"Nimewanyamazia kumi na mmoja. Nikimnyamazia na wa kumi na mbili, nitakuwa nimeokoka kwa ajili gani?"

Jemadari hakucheka. Alizunguka meza. Alikuwa kijana mno siku ile, shavu laini, macho makali. Akaingiza kidole chake kwenye jivu, akakitoa, akakifuta kwenye suruali.

"Kamba haidanganyi," akasema taratibu. "Na mimi sidanganyiki. Kutoka hemani hadi kivukoni ni mafundo matano. Kesho nitatembea mwenyewe. Nitatoka jua likiwa la saa tatu asubuhi, na saa nane kamili nitakuwa kivukoni. Meja atangulie na kikosi cha risasi. Nikifika saa nane, atakufa mbele ya macho yangu. Na wewe mama utakuwepo, ili ujifunze."

"Na usipofika saa nane?"

Jemadari akamtazama kwa mshangao wa kweli. Swali lile halikuwa na mahali pa kuingilia kichwani mwake.

*

Walishuka alfajiri. Nakijwa hakuwa ameshuka bondeni tangu siku alipochukuliwa, na kila alipokanyaga alishangaa jinsi lilivyokuwa kubwa. Jiwe alilolifinyanga kama punje ya mtama lilimzidi kimo. Kijito alichokichora kwa ukucha kilimlowesha hadi magotini. Akaomba msamaha kwa kila kimoja alipokipita, kwa sauti ndogo, na askari walimwacha, wakidhani anaswali.

Kivukoni mawe matatu yalikuwa mahali pake. Sajini Kiondo, mkuu wa kikosi cha risasi, mtu mnene mwenye huruma aliyekuwa akijitahidi kuificha, akamfunga Mgonja kwenye nguzo iliyokuwa imelegea kwa kazi nyingi. Kisha akateremsha saa ya jeshi kutoka mgongoni kwa punda. Ilikuwa moja tu kwa jeshi zima, saa ya ukutani ndani ya sanduku la kioo. Akaiegemeza kwenye jiwe.

"Saa tano na robo," akasema. "Meja, unataka maji?"

"Nipe. Usinimwagie kifuani, nitaonekana nimelia."

"Ukilia hatutasema."

"Nyinyi? Nyinyi mmemjibia Kadeghe kila asubuhi na mlimpiga risasi wenyewe. Mnasema sana."

Sajini akainamisha uso. "Tulifyatua, Meja. Lakini hatukumfuta."

Nakijwa akaketi karibu na nguzo, akachota udongo wa ukingoni, akaanza kuukanda, maana mikono yake haikujua kungoja. Alipoinua macho aliona jambo la kustaajabisha. Ng'ambo ya pili ya mto, mahali pa adui, palikuwa na nguzo vilevile. Mtu amefungwa. Kikosi kimesimama. Pembeni yao ameketi mama wa makamo, mguu mmoja ameunyoosha kwa maumivu, anakanda udongo. Nakijwa akainua mkono. Yule naye akainua, si kama kivuli cha majini kinavyoinua, bali akachelewa kidogo, kama mtu anayefikiri kwanza kama inafaa.

Na huko nako kuna hema, Nakijwa akawaza. Na humo mna meza. Na meza ile nayo imekauka.

Hasira ikamjaa tena, lakini sasa ilikuwa hasira pana, isiyo na mtu mmoja. Wameketi wakubwa wawili juu ya vilima viwili, kila mmoja na bonde lake dogo. Mabonde mawili makavu, yote yakijumlishwa hayatoshi hata kuzika mtu. Na hili la katikati, lenye maji na mawe na mama zao, hakuna anayelijua. Linapiganiwa na watu walioacha kulikanyaga zamani.

Saa saba. Saa saba na nusu. Askari wakaangalia bunduki zao. Mgonja akaanza kuimba polepole wimbo wa kuchimba udongo aliouimba mama yake, akasahau ubeti wa pili, na Nakijwa akaumalizia.

Saa nane.

Sindano ilifika, ikakaa, ikapita. Njia ilikuwa tupu.

"Haya," Sajini Kiondo akasema, kwa sauti ya mtu anayeshusha mzigo asijue auweke wapi. "Njia ya mwongo ni fupi, wazee walisema. Naona hii siyo ya mwongo."

Nane na robo. Nane na dakika ishirini. Nane na nusu kamili, pale njia inapokata jiwe kubwa, wakatokea watu wawili. Mmoja alichechemea, viatu ameshika mkononi. Huyo alikuwa Kanali. Wa pili alikuwa mzee wa mvi, shingo yenye mikunjo, mdomo wazi kwa kiu, amevuta kamba ya katani nyuma yake kama mbuzi aliyekata kamba.

"Simama, mzee!" askari mmoja akapaza sauti. "Hapa hapapiti mtu. Jemadari anakuja."

"Ni mimi," mzee akasema.

"Wewe nani?"

"Mpigie saluti, mjinga!" Kanali akafoka, na kikosi kikasimama wima kwa hofu, ingawa macho yao yaliendelea kuuliza.

Jemadari akaenda moja kwa moja kwenye saa. Aliitazama muda mrefu. Nakijwa alimtazama yeye, na kwa mara ya kwanza akamwona kama mtu: miguu imevimba, nchi halisi imempanda hadi magotini kwa vumbi. Akamwombea. Kweli aliomba. Baba, mpe neno moja tu la kweli, na mimi nitasahau mengine.

Jemadari akageuka.

"Sikuchelewa," akasema. "Saa imewahi."

Akaelekeza kidole kwenye kioo.

"Ni hujuma. Sajini, rudisha sindano. Nusu saa."

Sajini Kiondo akafungua kioo. Akairudisha sindano mpaka ikasimama saa nane kamili, na Kanali Mkiramweni akapiga makofi kwa viatu alivyoshika, kiatu kwa kiatu.

Nakijwa akaweka chini udongo wake. Akainuka, na safari hii goti halikulia.

"Iliwahi tangu lini, baba?"

"Nini?"

"Saa. Imeanza leo kuwahi, au tangu zamani?"

Jemadari akaona njia moja tu ya heshima mbele yake, akaipita. "Tangu mwanzo," akasema. "Tangu mwanzo wa vita saa hii imekuwa ikiwahi. Nimeigundua leo."

"Nusu saa katika tano, saa moja katika kumi. Basi Mgonja hakuchelewa."

Jemadari akamtazama mtu aliye nguzoni, akatazama saa, akatazama askari waliokuwa wanahesabu pamoja naye kimoyomoyo.

"Hakuchelewa," akasema. "Mfungueni."

Mgonja akaanguka mikononi mwa Sajini. Jemadari akanyoosha mabega, na mvi moja ya ndevu, Nakijwa aliiona kwa macho yake, ikaanza kuwa nyeusi. Tayari alikuwa ameyafanya yale kuwa ushindi. Alikuwa ametoa zawadi. Sasa alingoja kushukuriwa, na Kanali akamwashiria Nakijwa kwa kiatu apige vigelegele.

Nakijwa hakupiga.

"Na wale kumi na mmoja?"

"Ya hao yalishapita."

"Hawakuchelewa, baba. Umesema mwenyewe, tangu mwanzo. Walifika kwa wakati. Kama walifika kwa wakati, wako wapi?"

"Mama, nimekwambia yalishapita!"

"Umeirudisha saa mbele yetu. Kwa hiyo hakuna kilichopita. Waite."

Jemadari akaanza kuikunja kamba yake.

"Basi nitawaita mimi." Akageukia kikosi, na sauti yake ikatoka kubwa, sauti ya kutangaza vyungu kutoka kilima hadi kilima. "Kapteni Kadeghe!"

Askari wakatazamana. Kisha yule mdogo kuliko wote kwa cheo, aliyemzuia mzee njiani, akakaza visigino.

"Yuko njiani!"

"Luteni Mapunda!"

"Yuko njiani!" Sasa walikuwa watatu.

"Meja Lukindo! Kapteni Shemhilu!"

"Yuko njiani! Yuko njiani!"

Aliwaita mmoja mmoja. Hakuhitaji karatasi, alikuwa ameyasikia majina yao kila asubuhi kupitia turubai. Alipofika la saba, jibu lilikuja pia kutoka ng'ambo, sauti za wale wa kule, maana huko nako desturi ilikuwa hiyo hiyo, nao hawakujua jina lile ni la nani, lakini walijua jinsi ya kumjibia mtu. Mgonja alijibu kwa wote kumi na mmoja, mikono imevimba kwa kamba. Sajini Kiondo alijibu huku machozi yakimshuka, na hakuna aliyesema.

Jina la mwisho likaitwa. Likajibiwa. Mwangwi ukapanda hadi Mlango wa Upepo ukarudi, na ulichukua muda mrefu kurudi, mrefu kuliko kamba yoyote.

"Umesikia," Nakijwa akasema. "Wako njiani. Basi wasubiri, baba. Wewe ndiye uliyefika kwanza."

Jemadari akageuka kuitazama njia. Labda alitaka kutoa amri. Labda alitafuta meza. Hakuna aliyempa kiti wala maji, wala hakuna aliyemzuia kuondoka, lakini hakuondoka. Alisimama. Jua likasogea. Mvi ile moja ikarudi kuwa nyeupe.

Sindano ya saa ilifika tena saa nane na nusu. Njia ilikuwa tupu, na urefu wake wote ulionekana.